Mapigo ya Mji Mkuu

Jumatatu, 4 Mwezi wa Tano

Tik. Tik-tik. Tik. Nimelelewa na sauti hiyo: mapigo ya Mji Mkuu wa Shirikisho la Nyota, sayari mia mbili, yakiingia kwenye spika ya mama mchana kutwa. Nilikuwa na miaka sita yalipokatika. Sayari zote zilinyamaza siku hiyohiyo. Mama aliigonga spika kwa kijiko, kisha akakaa kitini kusubiri. Alisubiri miaka kumi na sita mpaka akafa, sasa mwaka wa tatu, nami nikarithi kiti, mitambo na ubishi.

Leo mkutano wa makazi umeamua: Jumamosi dishi linashushwa, mabati yake yaezeke ghala la maharage. Hoja ya Bwana Ghala, mtunza maharage yetu, nani mwingine. Alisema kusikiliza maiti si kazi. Watu wakacheka. Nilitoka bila kuaga.

Sawa. Nina siku tano. Nitalifufua Shirikisho. Naanza kesho, baada ya chai.

Jumanne, 5

Waraka wa kupinga. Nyumba arobaini, sahihi tatu. Moja ya Shangazi, kwa sharti nioshe masufuria wiki nzima. Moja ya kinyozi, ambaye husaini chochote. Ya tatu ya bibi wa jirani, aliyedhani ni habari ya bomba la maji. Sikumsahihisha.

Bwana Ghala aliniuliza kama nahitaji kalamu nyingine. Upole wake unawasha kama upupu.

Jumatano, 6

Mama aliacha mkanda: saa nzima ya mapigo, aliyarekodi enzi hizo. Saa nne asubuhi nimeuweka kwenye mashine, nikafungulia spika ya barabarani, nikatoka mbio nikipiga kelele kwamba Mji Mkuu umerudi. Mbio zenyewe nilizifanyia mazoezi jana, nyuma ya stoo.

Ajabu! Mshonaji aliacha cherehani na nguo ndani yake. Mwalimu wangu wa hesabu, mtu mkavu kama chaki, alilia. Mama Mwenyekiti akatangaza dishi lisiguswe.

Shangazi peke yake hakukumbatia mtu. Alisema nimekimbia kama mtu aliyejua anakokwenda.

Alhamisi, 7

Nimejipalia makaa. Shirikisho likirudi, sheria zake nazo zinarudi. Mama Mwenyekiti amekipangusa vumbi kitabu cha Sheria, akasoma kifungu cha nne: asikalie mitambo mtu asiye na cheti. Vyeti vilitolewa Mji Mkuu. Sina. Mama alikuwa nacho, kazikwa nacho. Aliye hai na cheti hapa ni mmoja tu. Alikipata ujanani, akakitundika nyuma ya magunia. Panya wamekula pembe moja, lakini muhuri upo.

Nimemkabidhi Bwana Ghala ufunguo. Amekalia kiti cha mama. Amekishusha! Ana miguu mifupi. Kiti kile hakijawahi kushushwa na mtu.

Ijumaa, 8

Ubaya wa Bwana Ghala ni kwamba ni mkweli. Kila saa anaandika daftarini: kimya. Kimya. Kimya. Kesho atausomea mkutano, na dishi litashuka palepale.

Mchana aliniita. Akanionyesha swichi ya kurusha mawimbi angani, imewashwa. Akauliza nani kaiwasha. Sijaigusa maishani, mimi husikiliza tu. Ni mama. Hakuizima. Miaka yote ile alikaa na mlango wazi, na sikujua.

Basi mkanda wangu wa juzi umekwenda angani kote.

Nilimweleza Shangazi yote, jikoni. Akasema njia ya mwongo ni fupi. Nikamjibu kwamba yangu inapimwa kwa mwendo wa nuru. Akanipa sufuria.

Jumamosi, 9

Watu wamekusanyika, fundi na spana mkononi. Ndipo Bwana Ghala akatokea kituoni mbio. Mbio za kweli. Alianguka mara mbili. Akatusomea alichoandika:

“Tumesikia mapigo yenu. Tuko mia nne, kituo cha pembezoni. Tulidhani tumebaki peke yetu. Je, ninyi ndio Mji Mkuu?”

Hakuna aliyecheka. Fundi aliweka spana chini, akavua kofia.

Bwana Ghala akanijia sikioni: “Mkanda nimeuona, binti. Ila hawa si mkanda.” Hakumwambia mtu. Nilikosa pa kuutia uso.

Lakini amesisitiza jibu liwe la kweli: sisi si Mji Mkuu, sisi ni nyumba arobaini na maharage. Kamati itaandika. Nimeunga mkono hoja. Halafu nimemwapia Shangazi kwamba uongo basi. Wakati naapa nilimaanisha kabisa.

Jumapili, 10

Kamati imeketi tangu asubuhi, inagombana kama maharage yatajwe au yasitajwe. Watu mia nne wamengoja miaka kumi na tisa. Hawakuuliza habari za maharage.

Ufunguo wa pili ninao, bila shaka.

Nimekipandisha kiti hadi kimo chake cha zamani. Nimekwisha kujibu: ndiyo, ni sisi, karibuni. Nimewaagiza waje na mtu mwenye mamlaka ya kutoa vyeti. Na kama hawana, wamteue yeyote. Ruhusa nimeiambatisha, na sahihi yangu: Gavana.