Mfungo Wangu na Sufuria Moto

Jumatatu, 6 Oktoba

Nimekuwa mtu wa mfungo. Tangu jana, wakati wa matangazo.

Ilikuwa hivi. Pasta Mutiso alitangaza kwamba Jumapili ijayo tutachagua mwenyekiti wa kamati ya paa. Kanisa letu hapa Kambu lina kuta nzuri na mlango mzuri, ila paa ni turubai la lori. Wagombea ni wawili. Mimi, Musyimi, fundi wa kuziba pancha kando ya barabara kuu. Na Kitheka wa duka la hadiwea, muuza vifaa vya ujenzi. Kitheka akasimama papo hapo, akatoa mabati. Mabati! Makofi mpaka mbwa wa nje wakabweka. Mimi nitatoa nini? Matairi?

Basi nikasimama. Nikasema mimi sina mabati ila nina magoti. Nikasema nitafunga hadi Jumapili, maji tu, kwa ajili ya paa la Bwana. Kukawa kimya. Kimya kizuri sana. Pasta akatoa Amina ya kutoka tumboni. Na Roselyne, yule mjane wa kutoka Nyeri mwenye hoteli karibu na stendi, anayeimba sauti ya kwanza kwenye kwaya, akageuka akanitazama. Hajawahi kugeuka! Mimi ni mgane, naruhusiwa kuona mambo kama hayo.

Kitheka hakugeuka. Nadhani alikuwa bado anafurahia makofi.

Leo nimefunga. Rahisi sana. Sijui watu hulalamikia nini.

Jumanne, 7 Oktoba

Si rahisi.

Jirani ameanza kupika muthokoi mapema, mahindi yaliyokobolewa na maharagwe, na upepo unatoka kwake kuja kwangu. Dereva wa trela la Mombasa ameniletea tairi, akakaa juu ya rimu akila chapati huku ananitazama nikifanya kazi. Nilikaribia kumwuma mkono.

Nikapata dawa. Mchezo wa simu! Unaitwa Sufuria Moto. Unafungua mkahawa, wateja wanakuja, unapika, unaonja kwa kubonyeza kidole. Mate yanatoka, tumbo linadanganyika, mfungo hauvunjiki. Nani mwingine angefikiria hilo?

Kujiunga ni kitufe kimoja tu: ingia kwa Facebook. Yakatokea maandishi marefu kama mahubiri ya mgeni. Chini yake neno Ruhusu. Nikaruhusu. Yakaja mengine. Nikaruhusu. Nani anasoma vitu hivyo? Labda Kitheka, anayesoma hata mgongo wa mfuko wa simiti.

Kufikia jioni nilikuwa nimepika kuku, pilau, mbuzi wa kuchoma na keki ya ghorofa. Nimezawadiwa ovena. Ovena yangu mwenyewe! Tumboni hamna kitu, lakini moyo umeshiba.

Jumatano, 8 Oktoba

Mambo yameharibika.

Asubuhi Pasta Mutiso alipiga simu. Akauliza mfungo unaendeleaje. Nikasema ni kwa neema tu, Pasta. Akauliza na kuku alikuwaje. Nikauliza kuku yupi. Akaniombea, akakata simu.

Baadaye akaja mpwa wangu Wavinya, mwenye saiba, duka la intaneti, ng'ambo ya barabara, amejishika mbavu kwa kucheka. Akanionyesha ukurasa wangu. Ngai! Picha yangu ya suti, ile ya harusi ya binti yangu Ndinda, na chini yake: Musyimi amekula kuku mzima na bado ana njaa, mtumie pilipili! Chini yake tena: Musyimi amemaliza mbuzi! Kisha ile ya keki. Jana mchana kutwa, wakati mimi naziba pancha midomo imekauka, mchezo ulikuwa unanitangaza kwa kwaya, kwa wazee wa kanisa, kwa naibu chifu, na kwa mama mkwe wangu kule mjini Wote.

Kitheka ameandika neno moja chini ya kuku. Amina.

Mama mkwe hajui habari za michezo. Amemwuliza Wavinya hiyo pilipili aitume kwa gari gani.

Wavinya akanifafanulia. Akasema nimeufunga mchezo kwenye akaunti yangu kama mbuzi shambani, na sasa unakula kila kitu ambacho kamba inafikia: jina, picha, siku ya kuzaliwa, marafiki wote. Na pia niliupa ruhusa ya kusema kwa jina langu.

"Anko," akaniambia, "umempa mgeni ufunguo wa nyumba, halafu ukamwongezea kipaza sauti."

Dawa yake ni ndogo, akasema. Naingia Mipangilio, natafuta Programu na Tovuti, nashika jina la mchezo, nabonyeza Ondoa. Tena kuna kisanduku cha kuweka alama ili yale matangazo yafutwe pia.

Nikamwuliza ovena yangu itaenda wapi. Akasema itapotea. Nikamwambia nitafikiria.

Nimefikiria. Ovena ile nimeipata kwa jasho. Matangazo nimeyafuta moja moja kwa kidole changu. Na kwa kuwa hakuna tena anayeamini kwamba nimefunga, nimeenda kwa jirani nikala muthokoi, nikaongeza. Kufunga bila mashahidi ni njaa tu.

Alhamisi, 9 Oktoba

Mpango mpya! Safi kabisa! Tatizo si mchezo. Tatizo ni jina.

Nimefungua akaunti ya pili. Jina: Mwende Baraka. Picha nimeitoa kwenye kalenda ya kampuni ya chakula cha kuku, mwanamke anacheka akiwa ameshika trei ya mayai. Hapa Kambu hakuna anayemjua. Mchezo ukauliza kama nataka akaunti zote mbili zitumie mkahawa mmoja. Nikasema ndiyo. Ovena imekuja nzima! Sasa Mwende atangazwe apendavyo, Musyimi apumzike.

Mchezo ukaomba kuona namba zilizo kwenye simu ili umtafutie Mwende marafiki. Nikamwonea huruma. Mwanamke mgeni, hana mtu. Nikaruhusu.

Wa kwanza kumkubali alikuwa nani? Kitheka! Akamwandikia kwamba anamkaribisha kanisani Jumapili, kuna uchaguzi, na kura yake itathaminiwa. Anaomba kura hata kwa kalenda!

Hapo nikapata wazo juu ya wazo. Kwa jina la Mwende nikamwuliza anamwonaje mpinzani wake. Nilitaka amtukane, ninase maneno yake kwenye skrini, nimpelekee Pasta. Nikasubiri, mkono mmoja kwenye jeki, mwingine kwenye simu. Akajibu kwamba Ndugu Musyimi ni mtu mzuri, mwenye bidii, udhaifu wake ni kuku tu.

Mtu huyo hata kutukana hajui.

Jumamosi, 11 Oktoba

Jana sikuandika. Nilikuwa napika.

Leo natamani jana irudi. Nimeamka nikakuta tangazo lenye mioyo myekundu pembeni: Mwende na Musyimi sasa wako jikoni moja, wapongeze! Suti yangu na mayai yake, bega kwa bega. Kwa akaunti zote mbili!

Kambu nzima imeona. Naibu chifu amepita kuuliza kama nimeleta mgeni na kama mgeni ana kitambulisho. Mama Nzisa wa mboga amenipa hongera kwa sauti ya pole. Ndinda amepiga kutoka Nairobi akilia, eti nimeoa bila kumwambia, na tena mwanamke mwenyewe anacheka sana.

Kisha akaja Roselyne. Mimi nilikuwa chini ya basi, miguu pekee ndiyo inaonekana.

"Baba Ndinda," akaiambia miguu yangu, "nimekuja kukupa hongera."

Nikatoka. Ameshika sufuria mpya yenye kifuniko, imefungwa kwa karatasi ya maua.

"Mpelekee mama. Mwambie imetoka kwangu, Mama Waringa."

"Nimpelekee mama gani?"

"Si Mwende? Anaonekana mtu wa furaha." Akatazama barabara kidogo, malori yakipita. "Hiyo maneno ya kuku mimi sikuamini. Niliambia watu wa kwaya, Baba Ndinda hawezi. Lakini basi. Mungu awabariki."

Nafasi ilikuwa hapo. Mtu mwenye akili angesema: Mwende ni mimi. Nikafungua mdomo. Mdomo ukasema asante.

Nilikaa na ile sufuria magotini mpaka dereva wa basi akaanza kupiga honi. Alikuwa amenitetea! Mbele ya kwaya nzima! Na mimi wakati huo nilikuwa nang'arisha ovena ambayo haipo.

Nikavuka barabara mbio kwa Wavinya. Nikasema toa, toa yote. Akafungua Programu na Tovuti. Kumbe si mchezo mmoja! Dereva wa Trela. Bao la Dunia. Wewe ni Mnyama Gani. Uso Wako Ukizeeka. Yote nimeyaruhusu mwenyewe, miaka nenda miaka rudi, na yote bado yamefungwa humo yanakula. Ule wa uso, Wavinya aliuliza niliutakia nini na kioo ninacho. Akaanza kuondoa. Ondoa. Ondoa. Alipofika Sufuria Moto niligeuza kichwa, kama mtu anayechinjiwa jogoo wake. Akaweka alama kwenye kisanduku, akabonyeza. Kwaheri, ovena.

Akanionya kwamba yale ambayo michezo ilishabeba hayarudi kwa kuiondoa tu. Hayo ni lazima niwaandikie wenyewe na kuwaomba wayafute. Na pasiwadi nibadilishe. Nikasema sawa, sawa.

Akabaki Mwende. Wavinya akasema nimfute, halafu niende kwa Roselyne niseme ukweli. Ukweli! Vijana wana mambo. Mimi nilikuwa na njia yenye heshima zaidi. Nikarudi karakana, nikaandika tangazo la Mwende mwenyewe: Mimi Mwende simjui Musyimi, sijawahi kumwona, na sijakanyaga kwake hata siku moja. Nikatuma. Nikajipongeza.

Kisha nikaiona picha iliyo kando ya tangazo. Suti.

Nilikuwa nimetuma kwa akaunti ya Musyimi! Kabla sijapata pa kufutia, Kitheka alishafika. Amina.

Jumapili, 12 Oktoba

Nilikaa kiti cha mwisho, nyuma ya nguzo.

Pasta alihubiri juu ya Petro. Akasema Petro alimkana Bwana wake, lakini siku hizi kuna watu wanajikana wenyewe, tena kwa maandishi. Turubai lilitikisika kwa vicheko. Hata mama mwalimu wa Sunday school, ambaye hacheki hata Krismasi.

Kitheka amechaguliwa. Kabla ya kura alisimama akaomba Ndugu Musyimi asamehewe, maana hata yeye alishawishika kumwandikia Mwende. Kisha akauliza, kwa upole kabisa, kama Dada Mwende yumo ndani aje apige kura. Aliuliza kwa roho safi. Hilo ndilo sitamsamehe.

Nje Roselyne akanisimamisha mbele ya watu. Akauliza kama Mwende yupo. Nikasema hayupo. Akauliza na yule wa mayai. Nikasema ni wa kalenda. Nikamweleza yote: mfungo uliokuwa wa kweli mpaka Jumatano, kuku ambaye hakuwepo, ovena, jikoni moja. Sijawahi kuzungumza kwa muda mrefu hivyo bila mpango wowote kichwani. 

Akacheka. Alicheka mpaka akakalia mabati ya Kitheka yaliyorundikwa mlangoni. Kisha akajifuta macho, akasema kwamba amepoteza sufuria nzima kwa kalenda, na kwamba Jumanne mchana nije hotelini kwake nile kuku wa kweli, aone mwenyewe nikimla. Sharti moja tu. Simu ibaki nyumbani.

Nimekubali! Nimeapa mbele ya mabati! Nimekosa uenyekiti, lakini mwenyekiti hajaalikwa kuku. Kuanzia leo sina haja ya simu.

Jumanne, 14 Oktoba

Leo ndiyo leo. Nimenyoa ndevu. Suti imepigwa pasi. Wavinya amepita kunikagua, akanisifu, akauliza kama nimebadilisha pasiwadi. Nikasema nitabadilisha.

Simu itabaki nyumbani kama nilivyoapa. Lakini bado niko nyumbani. Na kuna jambo dogo nataka kujua kabla ya kwenda. Je, Roselyne huangalia ukurasa wangu? Huangalia sana? Mwanamume haendi mezani bila habari.

Nimepata programu. Si mchezo! Ni kitu cha watu wazima, cha kulinda siri. Inaitwa Nani Ananichungulia, nayo inakuonyesha kila mtu anayefungua ukurasa wako. Unaingia kwa Facebook. Safari hii sikukurupuka. Nimejifunza. Nimesoma kila neno polepole, kwa kidole, mpaka mwisho, ndipo nikabonyeza Ruhusu. Namba za simu: Ruhusu. Picha: Ruhusu. Mahali nilipo: Ruhusu, kwani najificha? Kuandika kwa jina langu: hapo nilisita, nikasoma mara ya pili. Nikaruhusu, lakini kwa masharti niliyoyaweka moyoni.

Imeniuliza ni nani hasa ninayetaka kujua kama ananichungulia. Nimeandika jina lake kamili, na la hoteli, asije akachanganywa na mwingine.

Ni programu yenye adabu. Imenishukuru, ikasema nisubiri kidogo. Inamwuliza Roselyne mwenyewe.