Kikombe cha Pili cha Bi Tahani

Wagdi alipoliona tangazo la arobaini ya Ustadhi Bayoumi, mwalimu wa wapiga video, limebandikwa ukutani kule Shubra, alisimama, akashika kifua, akamwombea marehemu rehema. Kisha akasoma mstari wa mwisho, ule uliosema kisomo kitarushwa mubashara kwa ndugu walioko Kuwait, na moyo wake ukacheza ngoma.

Kwa wasiomjua, Wagdi alikuwa mhandisi. Chuo kilichomsomesha hakijajengwa bado, lakini kadi yake ilikuwa na maandishi ya dhahabu. Kazi yake ilikuwa kuwatembelea wapiga video wa harusi, wale wenye visanduku vidogo vya kurushia picha moja kwa moja mtandaoni, na kuwaletea habari za msiba: programu ya ndani ya kisanduku chako imezeeka, bwana, Ijumaa inazima katikati ya harusi, na shangazi za bibi harusi walioko Riyadh wataona giza. Watu walishika vichwa. Wagdi akawaponya. Aliingia kwenye mipangilio, akabadilisha maneno ya salamu yanayotokea kisanduku kikiwaka, akakizima, akakiwasha, akabandika kibandiko cha kijani kilichosema "Kimesasishwa", akapokea chake.

Safari hii shida ilikuwa kubwa zaidi. Alhamisi alitakiwa kumvisha Nagah dhahabu ya uchumba, na baba yake Nagah, Hajj Zaghlul mkodishaji wa viti na mahema, alishasema wazi: bangili mbili, au mhandisi akaposwe na wahandisi wenzake. Wagdi alikuwa nayo moja. Na Nagah ndiye mtu pekee ambaye hakuwahi kumdanganya, ukiacha kazi yake, chuo chake na umri wake.

Baada ya sala ya alasiri akapanda ngazi za nyumba ya marehemu, kwa mjane wake Bi Tahani. Chini, kwenye uchochoro, hema lilikuwa limejaa wanaume, na juu ya vichwa vyao kilining'inia kioo kikubwa, bado cheusi, cha kuwaonyesha wa nyuma. Sebuleni kamera ilikwishasimamishwa kwenye miguu yake mitatu, nyaya zimechomekwa kwenye kisanduku cha kurushia, ikingoja kuteremshwa hemani.

"Mungu akupe subira, Bi Tahani. Marehemu alikuwa mwalimu wetu sote."

"Ahsante, mwanangu. Kunywa kahawa kwanza."

Ilikuwa chungu, kama ilivyo kahawa ya msibani. Wagdi, ambaye kwake kahawa ni njia ya kulia sukari, alikunja uso.

"Mama, hata punje moja ya sukari?"

"Leo haimo humu ndani."

Akakigeuza kisanduku mkononi kama daktari aliyekwishakata tamaa. "Toleo la nne! Bi Tahani, hili limekufa. Msomaji atafika katikati ya aya, mara puu! Kuwait giza."

"Yarabi! Bayoumi atakufa mara ya pili."

"Ndiyo maana nimekuja. Kwa wengine elfu sita. Kwako wewe, kwa heshima ya mwalimu, tano na nusu."

Bi Tahani akatoa bahasha nene mfukoni mwa gauni lake jeusi, akaiweka kando ya kikombe. "Basi nikuache ufanye kazi yako." Akaenda jikoni.

Wagdi akabadilisha salamu. Akazima. Akawasha. Taa ndogo ya kisanduku ikawa nyekundu, akaiona nzuri, akaibandikia kibandiko chini yake. Simu ikaita: Sabri, mchapaji wa vibandiko.

"Tayari, kaka! Hapana, sijagusa kitu, nimebadilisha salamu tu kama kawaida. Ajuza huyu ningemwambia kisanduku kinataka kunyonya, angekimbilia maziwa. Na wale wapiga video wake ndio usiseme, kondoo watupu. Nani? Hajj Zaghlul? Kichwa chake na viti vyake vimetoka mti mmoja, wee acha. Alhamisi namvisha binti yake, yeye ananipigia makofi!"

Akacheka. Ndipo akagundua kwamba anacheka peke yake. Uchochoro mzima ulikuwa umenyamaza, wanaume mia mbili, hata kikohozi hakuna. Akachungulia dirishani. Kwenye kile kioo kikubwa palikuwa na mtu mwenye simu sikioni anachungulia dirishani, na suruali yake ilikuwa imechanika kidogo nyuma.

Wagdi akashika suruali yake.

"Umeme wa mtaa huu unaujua," alisema Bi Tahani akiingia na sinia. "Ulikuwa ukikatika, Bayoumi anasahau kubonyeza, watu wanakosa nusu ya harusi. Akakipanga kiwe kikiwaka tu kinaanza kurusha chenyewe."

"Ulijua?"

"Nimemshikia nyaya miaka ishirini na sita. Sasisho la kweli hufuta mipangilio yote. Kila mara tulikaa hapo ulipo wewe na daftari, tunairudisha mmoja mmoja, yeye ananitukana, mimi namtukana." Akafuta vumbi juu ya kisanduku. "Ungefanya kazi kweli, mwanangu, kingesahau kila kitu, nawe ungeshuka salama."

Wagdi akanyakua bahasha, akaichana. Ndani hamkuwa na pesa. Vilikuwamo vibandiko vya kijani, kumi na kimoja, vimebanduliwa kwa uangalifu na wanafunzi wa marehemu, wapiga video wale wale aliowaponya.

Ngazi zikaanza kulia. Viatu vingi, haviendi pole. Mbele yao ilisikika sauti ya Hajj Zaghlul ikiuliza ni mlango upi, na kitu cha mbao kikigonga ukuta kila kona. Simu ikaita tena. Nagah. Ikaita mpaka ikachoka.

Bi Tahani akaizima kamera. Kisha akasogeza kikombe kilichojaa, kinafuka moshi.

"Kunywa. Kile cha kwanza kilikuwa cha msiba wa Bayoumi."

Wagdi akanywa. Mara hii hakuuliza sukari.