Kibao Kikirudi, Njo Nikamue

Jumatatu, tarehe 7 juillet 1969

Honoré ameota jino! Moja tu, la chini, jeupe kama punje ya mahindi mabichi. Alilijaribu kwanza kwenye titi langu, mimi mama yake. Nilipiga kelele, kisha nikacheka, kisha machozi yakatoka. Sababu mimi siye niliyeliona wa kwanza. Aliyeliona ni mama mukwe.

Mimi muchana wote niko plantation ya pirètre, nachuma maua, na capita, musimamizi wetu, hataki kuona mutoto mugongoni. Eti maua ya muzungu hayanyonyi. Basi Honoré anabaki na nyanya yake mpaka jua lishuke.

Lakini leo! Mama mukwe, Mama Adelaïde, alituita sisi wake wa watoto wake: mimi wa Viateur, na Euphrasie wa Edmond. Alisema Dorothée, mutoto wake wa mwisho, anaolewa Jumamosi tarehe 19. Wakwe watatoka mbali, Buleusa, kule Walikale. Sisi wawili tutatengeneza kasiksi, pombe ya ndizi. Euphrasie atanywesha watu wa hapa kwetu Mushaki. Mimi nitanywesha wakwe. Na yule ambaye wageni wake hawatakosa, na pombe yake haitachacha, atapewa mutumbwi.

Mutumbwi wa kukamulia ndizi! Ule wa muti mugumu, aliouchonga marehemu baba mukwe. Sasa tunautumia kwa zamu, na zamu ya Euphrasie kila mara iko ndefu. Ukiwa wangu, nitakamua hapa nyumbani, nitauzia watu wa barabara, capita abaki na maua yake. Nitayaona meno yote yanayobaki. Mimi wa kwanza!

Jumanne, tarehe 8 juillet

Mungu amenitumia camion!

Papa Apollinaire, mufanyabiashara wa Butembo, anayepita hapa kwenda Walikale kuchukua mafuta ya mawese, alisimama kuongeza maji kwenye radiateur. Alikuwa na hasira. Camion yake ilitengenezwa Japon, kuna chuma kimoja kimechoka, na kule Bukavu walimuambia kingine hakuna, aombe, kitatengenezwa. Akauliza kwa nini hawaweki vingi depot. Wakamueleza kwamba kule Japon watu hawaweki vitu depot. Kila fundi anangoja kibao. Yule aliye mbele yake akimaliza kitu, anarudisha kibao, maana yake: changu kimekwisha, lete kingine. Njo anatengeneza kimoja. Kibao kisiporudi, anakunja mikono. Hakuna kitu kinachorundikana, hakuna kinachooza. Kitu kinafika saa ile kinatakiwa.

Papa Apollinaire aliwatukana wote. Mimi sikusikia matusi. Nilisikia kengele ya kanisa ndani ya kichwa!

Maana nilimuwaza Euphrasie. Yeye anakamua, anajaza vibuyu, anavipanga nyuma ya nyumba kama waaskari. Pasaka nusu ilichacha, akawamwagia nguruwe. Nguruwe walilala mpaka kesho yake. Mimi sitamwaga hata tone. Nitakamua kama Japon!

Jumatano, tarehe 9 juillet

Nimepanga kila kitu. Hata usingizi ulikataa kwa furaha.

Ndizi ziko kwa Mama Constance, jirani. Yeye anazipandisha toka Sake na kuziivisha ndani ya shimo lake. Nilimueleza: nikikutumia kitunga kitupu, njo ufukue ndizi, ujaze kitunga kimoja. Kisipokuja kitupu, usifukue. Na mimi vilevile: kibuyu changu kikirudi kitupu, njo nikamue cha kukijaza. Mama Constance aliniangalia sana, akasema sawa, bora nisimuchoshe.

Kwa kujaribu, kasiksi niliyokuwa nayo ya juma lililopita niliigawa kwa majirani wote wa hii kilima. Niliwaambia wanywe, warudishe kibuyu. Basi.

Euphrasie alinikuta namueleza Honoré (anasikiliza vizuri, hakatizi maneno). Akauliza: Mama Honoré, hao wa Japon wanakunywa kasiksi? Nikamujibu wanakunywa kwa wakati wake. Akacheka mpaka akashika mugongo.

Viateur bwana yangu naye aliuliza kama gurudumu la Japon linalazwa na mutama siku kadhaa kabla ya kuwa kali, kama kasiksi. Nilimuambia abaki na mbao zake.

Ijumaa, tarehe 11 juillet

Vibuyu vinarudi! Vinarudi vyote!

Lakini hapana hata kimoja kimekuja peke yake.

Cha kwanza kilirudi na maharagi. Cha pili maziwa, eti ya Honoré, sababu ya jino. Wengine walileta kibuyu mukono mumoja na viazi mukono mwingine. Mama mumoja ameleta mayai yamefungwa ndani ya majani. Kwetu hapa nani atarudisha chombo cha muntu bila kitu? Hata muchawi hawezi. Sikukumbuka hilo. Na Papa Apollinaire hakusema kama Japon wana adabu ya namna hii.

Nilikaa mbele ya vibuyu, nikafikiri sana. Kibuyu kitupu njo amri. Hivi vimekuja na maharagi, viazi, mayai. Basi si amri. Basi sikukamua.

Halafu nilitaka kumurudishia Mama Constance kitunga chake kitupu, aanze kufukua. Nilifika mulangoni, mukono ukakataa! Nikaweka viazi kidogo. Mama Constance akaona viazi, akasema aksanti sana, hakufukua. Naye anafuata sheria. Ni mama muzuri.

Euphrasie alikuja kuniomba zamu yangu. Eti kama hukamui, niachie mutumbwi. Nilimuachia. Muntu wa njia mupya hagombanii zamu.

Jumapili, tarehe 13 juillet

Nyumba imejaa. Maharagi chini ya kitanda, viazi nyuma ya mulango, mayai ndani ya kofia ya Viateur. Alitaka kuvaa kofia aende misa, nikapiga kelele kwa wakati.

Misa yote niliwaza. Katikati ya mahubiri nikaona kosa langu, nikasema haleluya peke yangu, padri akanitazama. Kosa langu: Japon hawarudishi chombo. Wanarudisha kibao! Muntu hawezi kuweka maharagi ndani ya kibao!

Viateur, ambaye anapasua mbao za misheni, amenikatia vibao vidogo, laini, kila kimoja na tundu. Nilichoma juu yake picha ya kibuyu kwa chuma cha moto. Vizuri kweli! Honoré alitaka kula kimoja. Viateur aliuliza tena, pole pole, kama kasiksi ya wakwe imekwisha kulazwa. Nilimubusu. Hajui bado.

Jumanne, tarehe 15 juillet

Nilizunguka kilima chote, Honoré mugongoni. (Capita nilimuambia niko mugonjwa. Niko na furaha, ni karibu sawa.) Kila nyumba niliacha kibao. Nilisema: mukiwa na kiu, munirudishie hiki. Niliomba Papa Apollinaire naye awapelekee wakwe wa Buleusa vyao. Alivitupa ndani ya camion, akasema mama, wewe unanitisha.

Watu walivipokea kwa mikono miwili! Muzee mumoja alikitia shingoni palepale, akaita muke wake aone. Sijapata kuona watu wanaheshimu kazi yangu hivi.

Alhamisi, tarehe 17 juillet

Hapana kibao hata kimoja kimerudi. Maana yake hapana muntu ana kiu. Raha namna gani!

Euphrasie anakamua tangu asubui. Ana majani kwenye nywele, mikono imevimba, anamupigia Benoît, mutoto wake, kelele afukuze nyuki. Mimi nimelala kwenye mukeka na Honoré, tunahesabu jino. Moja. Tunahesabu tena.

Mama mukwe alipita, akaangalia nyuma ya nyumba yangu, akauliza kasiksi ya wakwe iko wapi. Nikamuambia: Mama, iko njiani. Akauliza njia gani. Nikaonyesha juu, kama vile Japon iko upande huo. Akamuchukua Honoré, akamubusu kichwa, akasema mutoto maskini.

Viateur amechimba shimo na shoka kwenye kisiki cha muti bila sababu. Ni wasiwasi wa arusi.

Jumamosi, tarehe 19 juillet

Naandika haraka.

Vibao vimerudi! Vyote! Kwa wakati mumoja!

Watu wa kilima walikuja wamevaa makoti ya Pasaka, kila muntu na kibao shingoni. Kumbe walifikiri ni tikiti ya arusi! Walikuwa wanavitunza ndani ya masanduku. Walinipa vibao kwa heshima, wakakaa, wakangoja. Kwanza niliruka kwa furaha, nikamuambia Viateur, unaona, njia ya Japon inatembea! Halafu nikaona mutumbwi. Mukavu.

Nilikimbia kwa Mama Constance na kitunga. Hata leo mukono uliweka maharagi ndani, Mungu wangu! Niliyamwaga mbele yake, nikasema fukua, Mama, fukua! Alifukua. Ndizi ziliningojea amri mpaka zikawa uji mweusi, na nyuki.

Na hata zingekuwa nzuri, kasiksi inataka kulala na mutama. Nilikuwa nimesahau kabisa hiyo. Viateur alinishika bega, njo nikalia.

Wakati huohuo camion ya Papa Apollinaire ikafika na wakwe. Chuma kile kilikuwa kimekatika porini, wamelala njiani, hawajakula. Wote na vibao shingoni. Mama mukwe alinitazama. Dorothée bibi-arusi alianza kulia chini ya kitambaa, eti wakwe watasema anatoka kwenye nyumba kavu.

Papa Omer, mukubwa wa wakwe, akashuka, akajinyoosha, akasema kwa sauti: musituletee pombe. Pombe juu ya tumbo tupu ni ugomvi. Hapa kuna chakula?

Chakula!

Nilifungua nyumba. Maharagi, viazi, mayai ya ndani ya kofia! Nilichukua sufuria kubwa ya mama mukwe, Viateur akaleta kuni, Papa Apollinaire akatoa mafuta ya mawese, na wamama wa kilima wote wakafunga vitambaa viunoni. Wakwe walikula mpaka wakalegeza mikaba ya suruali. Papa Omer alirudia sahani, akasema kama nyumba inawekea wasafiri chakula hivi, mutoto wao amepata mahali pazuri.

Halafu Euphrasie alileta kasiksi yake, wakanywa wote, wakwe na watu wetu. Kila kibuyu alichopitisha mbele yangu aliniambia kwa sauti ndogo: mugeni wa Japon, jikaribishe. Nilijikaribisha. Ilikuwa tamu, sitaficha.

Jumapili, tarehe 20 juillet

Mutumbwi umekwenda kwa Euphrasie. Aliubeba na Edmond, wakapita mbele ya mulango wangu wakati njia fupi iko nyuma. Nilimushika Honoré, nikaficha uso ndani ya shingo yake. Kesho tena pirètre, nikawaza. Kesho tena jino lingine litaota, na mimi siko.

Kisha mama mukwe akaingia bila kupiga hodi, na sufuria ile kubwa kichwani. Akaiweka chini, bumu! Alisema mimi pombe sijui na sitajua, lakini amewaona wakwe wakilegeza mikaba. Toka leo sufuria ni yangu. Camion zote zinasimama hapa kuongeza maji. Nipike, niuzie wasafiri, nikae na mutoto wangu. Na Papa Apollinaire amekubali: kila Jumanne, akipanda toka Walikale, atasimama na watu wake wote kwangu. Nisimukosee tu Jumanne ya kwanza, alisema mama mukwe, sababu muntu wa camion akikosa chakula mara moja, anazoea mahali pengine.

Nimemutumia capita salamu za mwisho!

Jumanne, tarehe 22 juillet

Nimejifunza sana juma hili.

Kilichoniokoa Jumamosi ni nini? Vibao. Bila vibao, watu wasingekuja. Bila watu, chakula kingebaki ndani kinaoza. Ile ilikuwa bahati tu kwamba hakikuoza. Nyumba iliyojaa maharagi ni depot, na depot ni njia ya Euphrasie.

Basi jana nimerudishia kila muntu maharagi yake na viazi vyake. Mama Constance aliuliza kama nina homa. Sasa nyumba iko safi! Hapana hata punje. Sufuria imesuguliwa, inameta. Kuni ziko porini, zitakatwa saa ile zinatakiwa. Na vibao vimepanda camion tangu Jumapili, ilipowarudisha wakwe kwao. Papa Apollinaire atampa kibao kila musafiri mwenye njaa.

Na kitu kikubwa kuliko vyote: asubui hii, jino la pili! Pembeni ya lile la kwanza. Mimi niliyeliona! Mimi wa kwanza katika dunia nzima! Nimebakiza kibao kimoja tu hapa, Honoré anakiuma nalo, anacheka, mate yanashuka.

Ninasikia camion inapanda kilima. Imejaa, watu wanaimba juu yake. Papa Apollinaire anapiga honi kwa nguvu, kama muntu mwenye njaa sana.

Sijawasha moto. Kwanza waniletee vibao.