Mdoli wa Dada Kwenye Maonyesho

Jumatatu, 3 Machi

Bahati imenifuata yenyewe! Nimepeleka fremu kumi na mbili kwenye ukumbi wa sanaa, nikamkuta Msimamizi amejishika kichwa. Maonyesho yanafunguliwa Jumamosi, mada ni utoto na maisha ya kila siku, na msanii mmoja amejitoa. Kona nzima iko wazi. Nikasikia mdomo wangu ukisema kwamba hata mimi ni msanii. Akauliza kazi yangu iko wapi. Mdomo ukajibu tena: ipo, ila ni ya siri. Kanipa mpaka Jumatano.

Miaka kumi na tisa natengeneza fremu za picha za wenzangu. Sasa zamu yangu. Tatizo moja tu: kazi yenyewe sina.

Jumanne, 4 Machi

Nimepekua nyumba nzima. Utoto wangu haukuacha kitu cha maana. Kikombe cha plastiki kisicho na mkono. Ripoti ya shule isiyofaa kuonyeshwa binadamu. Halafu chini kabisa ya sanduku la bati, ndani ya soksi, nikamgusa. Bi Tambara! Mdoli wa Dada.

Moyo ulinienda mbio kama nina miaka sita. Mama alimshona kwa gauni lake kuukuu Dada alipovunjika mguu. Wiki sita walilala wote kitandani. Ya saba nikamwiba. Wivu tu, maana nyumba ilikuwa Dada hivi, Dada vile. Walimtafuta hadi ndani ya pipa la maji. Dada alilia mpaka sauti ikakauka. Na mimi nilitafuta. Kwa bidii kuliko wote.

Sijawahi kumwambia mtu. Nimefunga sanduku. Nimelifungua tena.

Jumatano, 5 Machi

Msimamizi kamtazama Bi Tambara, kavua miwani, kafuta macho. Kauliza alikuwa wa nani. Nikasema wangu, Mama alinishonea nilipougua surua. Kibao cha maelezo kimeshabandikwa: “Rafiki Yangu wa Pekee. Kitambaa, pamba, machozi.” Machozi ni wazo langu.

Jirani yangu ukumbini ni Fundi Chuma, aliyeunga dawati la shule la chuma, zito kama ng'ombe. Kauliza iweje mtoto wa kiume ashonewe mdoli mwenye hereni. Nikamwambia sanaa haihojiwi kama mshukiwa. Akacheka. Sikupenda alivyocheka.

Dada hatajua. Dada ni mkunga, kutwa yuko wodini, ukumbi wa sanaa hajawahi kuukanyaga. Nimejiambia hivyo mara nane.

Ijumaa, 7 Machi

Nimekwisha! Msimamizi kanionyesha orodha ya wageni wa heshima. Namba nne: Dada! Kumbe ndiye mkunga aliyemzalisha Msimamizi watoto wake pacha. Nikauliza kama mkunga hatachoshwa na mambo ya sanaa. Kasema maonyesho haya yameandaliwa kwa ajili ya watu kama yeye.

Kumwondoa Bi Tambara siwezi, mlinzi wa mlangoni ana macho ya mwewe. Basi nimembadilisha. Mlinzi alipogeuka kunywa maji, nikamvua mdoli hereni na kumchorea masharubu kwa kalamu ya wino. Sasa anafanana na marehemu mjomba. Anatisha. Nilipokuwa natoka nilihisi ananitazama mgongoni.

Kila hatua nje ya mlango ni ya Dada.

Jumamosi, 8 Machi

Kaja. Saa kumi kamili, bado na sare yake nyeupe. Nikajibanza nyuma ya dawati la chuma. Fundi Chuma akaniuliza, kwa sauti ya kusikika barabarani, kama nimedondosha kitu. Msimamizi akaniona, akaniita niizungumzie kazi yangu.

Nikazungumza. Surua. Mama. Machozi. Watu wakaguna kwa huruma. Dada hakunitazama hata mara moja. Alimsogelea Bi Tambara, akambonyeza mguu wa kushoto kwa kidole gumba, polepole, kama anavyopima wajawazito.

“Humu kuna kifungo cha koti la baba,” akasema. “Nilikitia mwenyewe, awe na mfupa. Nilitaka tupone pamoja.”

Akafumua nyuzi mbili kwa ukucha. Kifungo cha kahawia kikamdondokea kiganjani.

“Ulinishika mkono tukimtafuta,” akaniambia. “Ulinishika mkono.”

Mdomo uliobwabwaja wiki nzima nikauziba kwa kiganja. Dada akatemea mate leso, akajaribu kuyafuta masharubu. Hayakutoka. Akamkumbatia hivyo hivyo, akaondoka.

Jumapili, 9 Machi

Nimekwenda kwake. Kwenye kona nimegeuka nyuma mara mbili. Nilimwogopa kuliko nilivyowahi kumwogopa Mama na mwalimu mkuu kwa pamoja. Kafungua, hakunipiga. Heri angenipiga.

Nikasema yote. Akasema wivu anauelewa. Linalomuuma ni kwamba Mama alimchapa, eti hatunzi vitu, na alikufa akiamini hivyo. Hilo sikulijua. Nililia, safari hii kweli. Dada kanimiminia chai. Kasema nije kila Jumapili, mpaka achoke kuiona sura yangu. Nimeapa sitagusa tena kisicho changu.

Nilimaanisha kila neno.

Jumatatu, 10 Machi

Msimamizi kang'oa kibao changu. Kasema fremu zangu atazipokea, lakini kupitia mlango wa nyuma. Kona iko wazi tena na anatafuta kazi ya kweli kutoka kwa mtu mkweli, kabla ya Ijumaa.

Sasa, mlango wa jikoni kwa Dada! Jana niliuona wakati nakunywa chai. Mistari ya penseli kuanzia magotini hadi mabegani: urefu wa watoto wake watatu, kila mwaka, tarehe na majina. Chini kabisa, alama ya kiganja kidogo chenye masizi. Utoto na maisha ya kila siku, vyote kwenye ubao mmoja! Unaning'inia pale bure, watu wanaupiga teke wakipita.

Bawaba ni tatu tu. Jumatano Dada yuko zamu ya mchana na Shemeji amesafiri. Jina la bandia la kuandika kibaoni nimeshapata, ni la mtu mkweli kabisa. Bisibisi nimeazima kwa Fundi Chuma. Kauliza ya nini, nikamwambia ya fremu. Kubwa kidogo.