Kura Arobaini za Eliphalet Grout

Jumamosi, 9 Machi 1816

Nimeamua. Nagombea! Mji wetu wa Gilsboro utapeleka mjumbe kwenye Bunge la jimbo huko Concord mwezi Juni, na mjumbe huyo ni mimi. Bunge litaamua daraja la mto lijengwe wapi, hapa kwetu au kwa wale wa Dunmere huko chini. Likija kwetu, magari ya farasi yaliyojaa abiria yatapita mlangoni pa nyumba yangu ya wageni. Likienda Dunmere, nifunge milango nikachunge kondoo. Sipendi kondoo.

Tatizo ni Jotham Peck, mtengeneza ngozi, kaka wa mke wangu. Naye anagombea! Naye analitaka daraja, eti wanunuzi wa ngozi wamfikie. Nimemwambia aniachie mimi, kwa kuwa nina sauti ya kuhutubia. Akanijibu kwamba sauti ninayo kweli, ila ni ya kuwaita watu waje kula maharagwe. Fedhuli mkubwa.

Mehitabel, mke wangu, anasema yeyote kati yetu akienda daraja litapatikana, sasa tunagombania nini? Nyumba hii aliachiwa na marehemu baba yake, kwa hiyo ana wasiwasi. Mwanamke mwenye akili, lakini siasa haijui.

Jotham ana marafiki wengi kuliko mimi. Kwa hiyo nimebuni mpango. Nitaingiza mtu wa tatu amlie kura. Mtu wa kanisani. Shemasi Amasa Thrall! Wacha Mungu wote watamkimbia Jotham, mimi nitabaki juu yao wote. Sijui kwa nini hakuna aliyewahi kuwaza hivi kabla yangu.

Jumapili, 10 Machi

Shemasi kaja baada ya ibada. Kala pai nzima ya maboga. Nikamwambia mji unahitaji mtu safi. Akasema yeye hastahili. Nikambembeleza. Akasema ataliombea jambo hilo kwanza. Nikamkatia nyama ya nguruwe. Akakubali kabla hajaimaliza.

Mehitabel alikuwa akituangalia kutoka jikoni. Aliniuliza kama najua ninachofanya. Nikamwambia anitazame tu.

Jumanne, 12 Machi

Nimeshinda, halafu sikushinda. Sielewi.

Tulikusanyika wanaume wote kanisani, maana ndiko tunakofanyia mikutano ya mji. Kila mtu akatumbukiza kikaratasi chake kofiani. Bwana Lemuel Averill, mwenyekiti, akahesabu. Mimi arobaini! Jotham thelathini na saba. Shemasi ishirini na mbili. Kura moja kapewa farasi jike wa mchungaji, sijui na mpuuzi gani.

Nikasimama, nikatoa shukrani. Nilianza vizuri sana, nimefika kwenye habari za mababu zetu, Averill akaniambia keti, Grout, hujachaguliwa. Vipi? Akasema sheria inataka mshindi apate zaidi ya nusu ya kura zote. Nikamwuliza, hivi wa kwanza si mimi? Akasema ni wewe. Nani kanizidi? Hakuna. Basi nimeshindwa na nani? Akakuna kichwa, akasema hujashindwa na mtu, Grout, ila hujashinda. Watu wakacheka. Mimi sikuona cha kuchekesha.

Jamani, ningejuaje? Miaka yote mjumbe alikuwa mzee Cutler, peke yake, bila mpinzani, mpaka alipofariki wakati wa baridi. Hakuna aliyewahi kuulizia nusu!

Tukapiga tena. Arobaini. Tukapiga tena. Arobaini, na farasi kapata mbili. Jotham ananiita Mheshimiwa Arobaini. Mkutano umeahirishwa hadi kesho.

Jumatano, 13 Machi

Asubuhi nimekwenda kwa Shemasi. Nikamwambia asante sana, kazi imekwisha, sasa ajitoe. Akakataa! Anasema mwanzoni alidhani ni mimi niliyemwita, kumbe aliyemwita ni Mungu, na mimi nilikuwa chombo tu. Chombo! Mimi niliyemlisha.

Halafu likaja kubwa zaidi. Anasema akifika Concord ataliomba Bunge hilo daraja wapewe Dunmere. Daraja huleta wasafiri, wasafiri husafiri hata siku ya Bwana, hucheza karata na kupiga zeze. Gilsboro ibaki safi. Nikahisi ile pai imenikwama kooni, na aliyeila ni yeye.

Mkutanoni tukapiga kura mara mbili zaidi. Mimi sikupanda. Shemasi kapanda, kwa kura za wale ambao Jumanne hawakuja! Watu wameanza kunung'unika. Huu ndio wakati utomvu wa miti ya sukari unatiririka, ndoo zinafurika misituni, wake zao wanauchemsha peke yao uwe sukari, na wao wamekalia mabenchi kuhesabiwa vikaratasi. Mmoja akapiga kelele kwamba hata farasi wa mchungaji angekuwa ameshafika Concord.

Jioni Jotham kaingia kwa mlango wa jikoni. Hakuwa na kejeli. Akasema, shemeji, yule Shemasi anapanda, tutakwisha sote wawili. Kesho atawaambia watu wake wanipigie mimi. Niende Concord, nilete daraja, mengine tutayamaliza kifamilia. Akanipa mkono. Mehitabel akamkumbatia kaka yake, akalia kwa furaha, akaanza kunishonea ukosi mpya papo hapo.

Nilifurahi kama robo saa. Kisha nikaanza kufikiri.

Jotham aniachie mimi? Jotham ambaye hajawahi kuniachia hata kiti chenye mgongo? Haiwezekani. Huu ni mtego. Atawaambia watu wake wampe Shemasi, mimi nifedheheke! Shemasi akipata kura za Jotham, anapita, na daraja limekwenda. Lazima nimzuie. Njia ni moja tu, watu wangu wote wampigie Jotham. Afadhali Jotham kuliko Shemasi. Nimekwenda nyumba kwa nyumba kuwaambia. Roho imeniuma, lakini nimefanya kwa ajili ya mji. Mehitabel sikumwambia. Nilitaka kumshangaza.

Alhamisi, 14 Machi

Kashangaa.

Averill kahesabu. Jotham Peck arobaini. Eliphalet Grout thelathini na saba. Akahesabu upya, akidhani kachanganya vikaratasi. Hakuchanganya. Jotham alikuwa mkweli! Watu wake wote wamenipigia mimi, na watu wangu wote wamempigia yeye. Shemasi yuko palepale katikati, anatabasamu na kutazama dari.

Jotham alinigeukia. Aliniuliza nimefanya nini. Nikamweleza, kwa utaratibu, hatua kwa hatua. Kadiri nilivyomweleza ndivyo alivyozidi kuwa mwekundu. Akasema ningewaacha watu wangu walivyokuwa, ningepata sabini na saba. Nikamwuliza, kwa hiyo nusu ingepatikana? Akatoka nje, akasimama kwenye matope bila kofia.

Nikaomba tupige mara moja ya mwisho, sasa nimeshaelewa. Watu wakazomea. Ndipo mkulima mmoja akasimama, akatoa hoja kwamba mwaka huu Gilsboro isipeleke mjumbe yeyote, watu wakachemshe sukari. Sheria inaruhusu! Averill akasema wanaokubali wanyooshe mikono. Salaale! Tangu Jumanne nilikuwa natafuta zaidi ya nusu, kumbe ilikuwepo.

Kabla ya kuondoka ikabidi kujaza vile vyeo vidogo vya mji. Mkamata nguruwe wanaozurura: mtu akataja jina langu. Mji mzima ukanichagua, bila kupingwa, Shemasi pamoja na Jotham, aliyerudi ndani kwa ajili hiyo tu. Nikasimama, nikatoa hotuba yangu tangu mwanzo, na safari hii hakuna aliyenikatiza. Walikuwa wanakimbilia mlangoni.

Nimemweleza Mehitabel. Hakunigombeza. Aliuweka ule ukosi mezani, akaenda kukaa kwenye chumba cha wageni, kwenye kiti cha baba yake, akiangalia barabara. Afadhali angenigombeza. Moyo unaniuma, na kila nikitafuta kosa langu silioni.

Jumamosi, 29 Juni

Habari imefika. Daraja wamepewa Dunmere. Mjumbe wao alisimama Bungeni peke yake, akasema Gilsboro ingekuwa inalihitaji ingeleta mtu kuliomba. Bunge likaona ni kweli.

Mwaka wa balaa. Mwezi huu theluji imeangukia mahindi. Gari la abiria limeshatangaza njia mpya, kupitia huko. Vitanda vyangu sita vimetandikwa na havina mtu. Mehitabel anafuma vitambaa vya kuuzia majirani. Baba yake hakuwahi kuona hata usiku mmoja vitanda vyote vikiwa tupu. Kaniambia hivyo kwa upole, akaendelea kufuma. Nikaenda zizini nikakaa kidogo na farasi.

Leo Jotham kaja. Ni mara ya kwanza tangu Machi. Ngozi zake zinamwozea, hakuna mnunuzi. Tulikunywa pombe ya matufaha. Kisha akasema, shemeji, mwakani Bunge litazungumzia barabara ya milimani. Tukiipata, nyumba hii itapona, na yeye pia. Lakini asimame mmoja tu. Nisimame mimi, yeye akae pembeni, na asiwepo mtu wa tatu, wala shemasi wala farasi. Mmoja tu!

Nikakubali. Tukapeana mikono mbele ya Mehitabel. Kwa mara ya kwanza tangu theluji ile, mke wangu alitabasamu. Akamsindikiza kaka yake hadi barabarani, wameshikana mikono. Mimi nilibaki dirishani nawatazama. Jotham akae pembeni? Jotham?

Nimechukua kofia yangu, nimetokea mlango wa nyuma, nimekwenda kwa Obed Whitcher, mhunzi. Nimemwuliza kama amewahi kufikiria kugombea.