Blanketi ya Zahid

Zahid aliuza marashi nje ya msikiti Kitale, lakini marashi ilikuwa sura tu. Kazi yenyewe ilikuwa safari. Alikuwa na udi fulani, ati ukivuta moshi yake ndani ya blanketi unatoka hii dunia unaingia ya pili, unasalimia watu wako waliokufa, unarudi kabla chai ipoe. Sheria ni mbili. Chuma haivuki: saa, simu, funguo, zote ziachwe kando. Na usifunue blanketi kabla udi uzime, ama nusu yako inabaki huko.

Sheria alitunga mwenyewe. Nzuri sana kwa mtu anayetaka kupotea na simu yako bila haraka.

Siku hiyo akaona mzee wa viatu vya gambuti akinusa chupa moja baada ya nyingine, na nyuma yake mtamba wa gredi, wale wa maziwa mengi, kwa kamba. Zahid aliangalia mtamba kwanza.

"Mzee, unatafuta harufu ya nani?"

"Ya baba yangu."

Jina lake Hiram, mkulima. Ati baba alikufa bila kusema alificha wapi hati ya shamba, na ndugu zake wameanza kupima shamba kwa hatua. Pesa hana. Mtamba ndio huyu.

Zahid akahuzunika vizuri sana. Akasema ng'ombe yeye hachukuangi, lakini kwa heshima ya marehemu, sawa.

Wakaenda kwa chumba yake ya mabati Kipsongo. Hiram akavua saa, akafunikwa, udi ukawashwa. Zahid akatoka nje kufungua mtamba, ampeleke kwa mchinjaji nyumba ya tatu, halafu arudie pikipiki yake aende zake Lwakhakha, mpakani. Alikuwa amefungua fundo moja wakati blanketi iliongea.

"Nimefika. Baba simwoni. Kuna mama hapa anauliza Zahid."

"Akina Zahid ni wengi, bana."

"Anasema huyu alifika Bungoma watu wakiwa wamemaliza kutupa udongo."

Mkono ukakwama kwa kamba. Hiyo Zahid hakuwa ameambia mtu yeyote Kitale. Mama alikufa asubuhi, akazikwa siku hiyo hiyo vile Waislamu huzika, na yeye alikuwa huku, akisafirisha mjane kwa blanketi.

"Muulize ananukia nini."

"Hina. Na iliki. Ati kuna neno amekuwekea, lakini mimi ni mtu wa nje, hawezi niambia."

Wacera, bibi ya Hiram, huuza mayai sokoni Bungoma, meza moja na Arafa, dada ya Zahid. Na mama ya Wacera ndiye alisafiri na hii blanketi Februari, akarudi akapata mbuzi wake wawili hawapo. Zahid hakujua.

Udi ukazima, Hiram akatoka akipepesa macho. Zahid akawasha kipande kingine, kikubwa, cha saizi hajawahi kuwashia mteja. Akiinama kuingia, Hiram akamgusa bega.

"Chuma, kijana."

Zahid akatoa saa, simu na funguo ya pikipiki, akamwekea mkononi.

Ndani ilikuwa giza na moshi. Akasikia mwanamke nje akiita mtamba, ndiye Wacera aliyekuwa amengoja kando, na kwato zikienda. Akasikia pikipiki yake ikikohoa mara mbili vile hukohoa, halafu ikashika. Zahid si mjinga. Alijua inaenda, na alijua ile sheria ya kufunua ilitungwa na nani, akikunywa nini. Angefunua tu, angewapata kwa kona.

Lakini udi ulikuwa bado. Akavuta moshi tena, polepole, akitafuta iliki.