Waraka wa Vidole Gumba

Idara ya Mahudhurio inayo furaha kuutangazia umma kwamba utoro kazini umekomeshwa. Kila mtumishi amekatwa kidole gumba cha kulia, kistaarabu, kwa ganzi, na kidole kimepandikizwa kwenye mashine ya mahudhurio mapokezi. Cha Mkurugenzi kilitangulia. Watu walipiga makofi, hasa wale waliokuwa bado navyo viwili.

Bi Majalada, mtunza mafaili, hakuweka kinyongo. Vidole arobaini vilisimama kwa mistari, mirija ikivinywesha mafuta mepesi, vyenyewe vya moto na kucha zinaota. Kila asubuhi alikikata chake kucha, akakipaka losheni, nacho kikamnyanyukia kama mtoto anayetaka kubebwa. Mahudhurio: asilimia mia, Jumapili zikiwemo.

Kisha bintiye, huko mji wa pili, akakaribia kujifungua.

"Bosi, naomba siku tatu. Mwanangu anajifungua, hana mtu."

"Mama, mtumishi ni kidole. Je, kidole kimeomba likizo?"

"Kidole kimoja hakivunji chawa, bosi."

"Idara haina chawa."

Kufunga mjadala, Mkurugenzi alitoa waraka jioni ileile: mtumishi ni kidole, mwili uliobaki ni mgeni, na mgeni haingii bila kuweka dole gumba la kulia daftarini.

Asubuhi Bi Majalada aliukuta umebandikwa getini. Akausoma mara mbili, akacheka mpaka mtandio ukadondoka.

"Mlinzi, kwa hiyo mimi mgeni?"

"Mgeni kabisa, mama."

"Na mgeni akijiendea zake?"

"Nani amzuie? Hata hajaingia!"

Hapo gari la Mkurugenzi likapiga honi.

"Fungua!"

"Wewe nani, mzee?"

"Una wazimu? Mkurugenzi!"

"Mkurugenzi yupo ndani. Hajatoka tangu mwezi wa tatu, mchapakazi yule! Weka dole hapa."

Mkurugenzi akatoa mkono wa kushoto.

"La kulia, mzee. Waraka umesema."

Akautoa wa kulia: vidole vinne.

"Bi Majalada! Mwambie huyu mimi nani!"

"Ndugu yangu, mimi mwenyewe mgeni hapa."

"Sasa kidole peke yake kitaendeshaje idara?"

"Kwani kuna chawa?"

Akamwachia benchi la wageni, akatupia begi begani, akaenda kumpokea mjukuu kwa vidole tisa.